Sentimita Thelathini Nje ya Jiwe

Bango lilipandishwa Jumatatu asubuhi, na Mzee Chokaa alilisoma mara tatu kabla ya kuliamini. CHUO KIKUU CHA TAIFA CHA MICHEZO. Herufi moja tu ilikuwa kubwa kuliko mlango wa stoo yake. Alirudi nyuma hatua kumi, akaegemea toroli lake la chokaa, akalisoma tena, safari hii kwa sauti, kana kwamba kuna mtu aliyembishia. Chuo kikuu! Cha michezo! Tena pale pale alipofukuza mbuzi wa watu kwa miaka thelathini na tano.

Jina lake halisi lilibaki kwenye kitambulisho. Watu walimwita Mzee Chokaa kwa sababu siku za mechi mikono yake ilikuwa myeupe mpaka kwenye viwiko, na kwa sababu hakuna mstari katika uwanja ule ambao hakuuchora yeye. Alikuwa na majivuno yake, tusimfichie siri. Ukimwambia mstari wako umepinda, hakusemeshi wiki nzima.

Uwanja huo wa zamani ulikuwa unaondoka ili chuo kipate nafasi. Majengo matatu yalikwisha kusimama upande wa mashariki, vioo vitupu kutoka chini hadi juu, na Alhamisi tingatinga lingeingia kuchimbua uwanja wote ili itandikwe njia mpya ya mbio. Watu walimpa pole mzee kama aliyefiwa. Yeye aliwashangaa. Kila siku aliingia kazini mapema ili aone kilichoshushwa jana: mashine zilizofungwa kwa nailoni, vitanda vya waganga wa misuli, vitabu maboksi kwa maboksi. Nani alijua kuna vitabu vingi hivyo kuhusu kukimbia?

Mkuu wa Chuo, mama mmoja mfupi mwenye sauti ya kumwita mtu aliye mtaa wa pili, alikuwa amewakusanya wafanyakazi wote wiki iliyotangulia, mpaka wafagiaji, akawaambia neno ambalo Mzee Chokaa alilibeba kichwani kama mzigo wa mayai. "Watu wetu wanajua kukimbia, kuruka na kuogelea tangu hatujazaliwa," alisema. "Hatukuja kuwafundisha hilo. Tumekuja kujua. Makocha wetu wanakisia, waamuzi wetu wanakisia, madaktari wetu wanakisia, na wanaolipia makisio hayo ni vijana wenye vipaji. Hapa ndipo kukisia kutakapokoma."

Wengine walipiga makofi kwa adabu. Mzee alipiga makofi mpaka viganja vikamwasha, kisha akaingiwa na baridi, kwa sababu alikumbuka kitu.

Kitu chenyewe kilimjia mlangoni Jumatatu ileile, kimevaa buti za shamba na miwani. Alikuwa mwalimu wa vipimo, binti mwembamba wa kama miaka thelathini.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Hujambo?"

"Sijambo. Nimeambiwa mtu akitaka kujua lolote la uwanja huu, aje kwako."

"Wamekwambia kweli. Hao wengine wote wamekuja juzi."

Mwalimu alicheka, akatandaza karatasi juu ya gunia la chokaa. Zilikuwa nakala za madaftari ya zamani ya mashindano, majina na muda, na hapa na pale mstari umekatwa kwa kalamu nyekundu. Alieleza kwamba idara yake ndiyo itakayotunza kumbukumbu za michezo za nchi nzima, na kazi yake ya kwanza ni hiyo mistari myekundu. Kila palipoandikwa "muda unatiliwa shaka," chuo kilitaka kujua kama ni shaka yenye sababu au ni maneno ya watu tu.

Jicho la mzee lilienda lenyewe kwenye mstari wa nne kutoka chini. Mita mia nane, wanawake. Jina la mdogo wake, na wino mwekundu katikati.

"Njia ya zamani ilikuwa na mawe ya ukingo upande wa ndani," mwalimu akaendelea. "Nikiyapata, napima kabla ya Alhamisi. Tingatinga likishapita, basi tena, hatutajua kamwe. Yapo wapi, baba?"

"Yaling'olewa," alisema Mzee Chokaa.

"Yote?"

"Yote. Zamani sana."

Mwalimu alishusha pumzi, akakunja karatasi zake, akashukuru, akaondoka. Mawe yalikuwa hapo hapo, kina cha kiganja kimoja chini ya udongo, yote, wala hayakupungua hata moja. Mzee mwenyewe ndiye aliyeyaficha kidogo kidogo, mwaka baada ya mwaka, kwa kuyamwagia udongo.

Aliyaficha kwa sababu ya siku moja, miaka thelathini na moja nyuma. Siku hiyo mdogo wake, aliyeitwa Sindano kwa wembamba wake, alikimbia raundi mbili za njia ile mbele ya watu waliojaa mpaka juu ya ukuta. Saa za kubonyeza za waamuzi, zote tatu, zilikubaliana: dakika mbili, sekunde tatu nukta moja. Ili mtu achukuliwe kwenda kwenye mashindano makubwa ng'ambo, zilitakiwa zisizidi dakika mbili, sekunde tatu nukta tano. Kapita! Mzee, enzi hizo bado kijana, alirusha kopo la chokaa juu kwa furaha, likammwagikia kichwani.

Wiki mbili baadaye ikaja barua kutoka kwa viongozi wa riadha. Muda huo haukubaliki, kwa kuwa njia ilipimwa na kibarua wa uwanja asiye na utaalamu, na "inaelekea ni fupi." Hakuna aliyekuja kupima. Neno "inaelekea" likatosha kumshusha mtu kwenye ndege ambayo hakuwa amepanda. Sindano alifunga viatu vyake kwenye gazeti, akaenda kujifunza cherehani, na hakukanyaga uwanja ule tena. Sasa alikuwa fundi mwenye wateja mpaka wa kutoka miji mingine.

Hayo kila mtu aliyajua. Ambalo hakuna aliyelijua ni habari ya tepu. Tepu ya chuma aliyopewa kupimia njia ile ilikuwa ya mita hamsini, lakini mita ya kwanza ilikuwa imekatika na kupotea. Ilibidi aanzie kwenye alama ya moja, na kila alipoilaza akumbuke kwamba amepima arubaini na tisa, si hamsini. Aliilaza mara nane na ushee kuzunguka uwanja, akitambaa kwa magoti jiwe kwa jiwe, siku tatu, jua la utosi. Je, alikumbuka mara zote nane? Akisahau mara moja tu, njia inapungua mita nzima, na wale wenye barua walisema kweli. Hesabu hiyo ilimrudia akiwa anaoga, ilimrudia akiwa anakula, na mara moja ilimrudia katikati ya harusi ya mwanawe, mpaka mkewe akamkanyaga mguu ili atabasamu.

Ndiyo maana alisema yaling'olewa. Afadhali shaka, alijiambia. Kwenye shaka, mdogo wake bado ana nusu ya mbio zake.

Jumanne mwalimu alirudi. Mzee alijiandaa kudanganya upya, lakini binti hakuuliza mawe.

"Njoo uone tunachofanya, baba. Wewe ndiye mwenyeji wetu, na hujaingia ndani hata siku moja."

Mzee alivua viatu mlangoni bila kuambiwa. Sakafu iling'aa hadi akaona nywele zake nyeupe ndani yake, na alitembea kwa kunyata kama mtu aliyeingia chumba cha mtoto aliyelala. Katika chumba cha kwanza, msichana alikuwa anakimbia juu ya mkanda unaozunguka, amevishwa barakoa yenye bomba, na ukutani pumzi yake ilikuwa inajichora yenyewe, inapanda na kushuka. Mzee alisimama akaitazama pumzi ya mtu. Maisha yake yote alikuwa amewasikia wakimbiaji wakihema, na kamwe hakufikiri kwamba kuhema kuna umbo.

Chumba cha pili kilikuwa na bwawa lenye dirisha chini ya maji, kocha amekaa kwenye kiti, mkavu kabisa, akitazama mkono wa mwogeleaji unavyoingia. Cha tatu kilikuwa darasa la waamuzi. Wanafunzi arubaini walikuwa wanaangalia rafu moja, ileile, inarudiwa kwenye ukuta, na wanabishana huku wamefungua kitabu cha sheria.

"Wameanza saa ngapi?" mzee akanong'ona.

"Saa mbili. Sasa inakaribia saa sita."

"Rafu hiyo hiyo moja?"

"Hiyo hiyo."

"Mungu wangu," alisema Mzee Chokaa, akiwakumbuka waamuzi aliopata kuwaona, wale waliopuliza filimbi kwanza na kufikiri wakiwa njiani kwenda nyumbani.

Chumba cha mwisho hakikuwa na kitu. Sakafu ya kijivu, kuta nyeupe, basi. Mwalimu alimwomba atembee kutoka ukuta huu mpaka ule, mwendo wake wa kila siku. Alitembea. Alipogeuka, nyayo zake zilikuwa ukutani, moja moja, zimejaa rangi, nyekundu palipokanyagwa kwa nguvu na bluu palipokanyagwa kwa woga.

"Goti la kulia uliliumiza lini, baba?"

Mzee alishtuka. "Nani kakwambia?"

"Sakafu. Unalikwepa. Unalionea huruma, na inaonekana ni miaka mingi sana."

Goti la kulia ndilo alilolitambalia juu ya mawe. Hakuwahi kumwambia mtu, hata mkewe alidhani ni uzee. Na hii sakafu, isiyomjua wala kumsikia, imelijua goti lake kwa hatua saba. Haikumcheka. Haikumlaumu. Mzee Chokaa alitamani kukaa chini, si kwa uchovu bali kwa heshima, kama mtu anayesomewa barua yake mwenyewe. Kumbe mambo yanaweza kujulikana! Kumbe mtu si lazima azeeke na swali. Watu wamekaa, wamechora, wamejenga nyumba nzima kwa ajili ya hilo, na wameijenga kwenye uwanja wake.

"Mwanangu," alisema. "Mkipima kitu mkakuta kina kasoro, mnafanyaje?"

"Tunaandika."

"Na mkikuta kizima?"

"Tunaandika vilevile."

Alivaa viatu vyake akaenda moja kwa moja kwa mdogo wake, saa ya kazi, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

Chumba cha Sindano kilikuwa na cherehani mbili, pasi, na nguo zimening'inia kila pembe hadi mtu alipita kwa ubavu. Mwenyewe alikuwa ameinamia sketi pana ya duara, anazungushia lesi kwenye pindo, futi ya fundi imemning'inia shingoni. Bado alikuwa mwembamba. Alimtazama kakaye juu ya miwani.

"Kaka, kuna msiba?"

"Hakuna. Endelea kushona."

"Nitaendeleaje na uso huo?"

Akamweleza yote, amesimama kati ya magauni mawili kama mshtakiwa. Madaftari, wino mwekundu, mawe chini ya udongo, uongo wa jana. Kisha akatoa na habari ya ile tepu iliyokatika, na mara nane alizoilaza, na kwamba mpaka leo hajui. Mguu wa Sindano uliacha kukanyaga na gurudumu la cherehani likazunguka kidogo, likasimama.

"Miaka thelathini na moja umekaa na hilo?"

"Nimekaa nalo."

"Unakuja kwangu kila Jumapili, unakula, unasifia mboga, kumbe unalo hapo kooni?"

"Mboga nilisifia kweli."

"Usinichekeshe, nina hasira!" Alivua miwani, akaifuta kwa kipande cha kitambaa, akaivaa tena. "Sina hasira ya mita. Mita ni mita. Nina hasira kwamba kuna mtu amekuja mwenyewe, kwa miguu yake, kutaka kujua, na wewe ukamrudisha. Thelathini na moja, kaka! Wale hawakuja. Huyu kaja, na wewe unamwambia yaling'olewa?"

"Nilikuwa nakulinda."

"Ulikuwa unajilinda." Alisema taratibu, bila ukali, na ndiyo maana iliuma. "Mimi najua nilikimbia. Sijui nilikimbia nini. Watu wakiniuliza nasema zamani nilikuwa nacheza cheza tu, maana nikisema zaidi nitakuwa mwongo, au sitakuwa, sijui. Ikiwa ni fupi, waandike ni fupi. Nitalia siku moja, kesho yake nitaamka na lesi zangu. Nenda ukawaonyeshe mawe."

"Na wewe utakuja?"

"Siji," alisema Sindano, na akakanyaga cherehani.

Jumatano, saa moja asubuhi, Mzee Chokaa alimkuta mwalimu getini, akamwambia bila salamu ndefu: "Juzi sikusema kweli, na jana nikakuficha. Mawe yapo. Leta majembe."

Binti hakumuuliza kwa nini. Alikimbia kuita wanafunzi wake, wakaja ishirini, na mzee akawaonyesha pa kuchimba kwa ncha ya kiatu, hapa, hapa, na hapa, bila kukosea hata mara moja. Udongo ulipofukuliwa mawe yalitokea meupe, yakiwa na chokaa yake ya zamani, yanapinda kuufuata uwanja kwa utulivu uleule wa siku alipoyaweka. Wanafunzi waliyafuta kwa mikono. Mmoja alisema, "Mzee, hii kazi uliifanya peke yako?" na mzee alijifanya hakusikia, ili aulizwe tena.

Kisha mashine ikasimamishwa katikati, ya miguu mitatu kama kigoda kirefu, yenye jicho moja. Mwanafunzi alizunguka na fimbo yenye kioo, akiisimamisha juu ya kila jiwe, na jicho lilitupa mwanga na kuupokea tena, likasema umbali kwa kuhesabu muda wa safari ya mwanga huo. Mwalimu alimweleza hivyo, na mzee akaomba aelezwe mara ya pili, si kwa kutoelewa bali kwa utamu wake. Yeye alitumia siku tatu na goti moja. Mwanga ulikwenda na kurudi kabla hajafumba jicho.

Saa sita mwalimu alikaa chini kwenye udongo na kompyuta yake mapajani. Akapiga hesabu, akarudia. Mzee alisimama mbali kidogo.

"Baba," mwalimu akaita, "umekosea."

Mzee aliitikia kwa kichwa. Alikuwa amejiandaa miaka thelathini na moja kulisikia neno hilo.

"Mara ngapi?" akauliza. "Nilisahau ile mita mara ngapi?"

"Mita ipi?" Mzee akamweleza habari ya tepu, kwa maneno machache. Mwalimu aliangalia tena namba zake. "Hukusahau. Hata mara moja. Ukingo wa mawe yako ni mita mia nne na sentimita nne. Kwa tepu mbovu, peke yako! Hakuna mwanafunzi wangu anayeweza."

"Sasa nimekosea wapi?"

"Nani alikwambia upime kwenye jiwe?"

"Sasa ningepima wapi, hewani?"

"Ndiyo, hewani!" Mwalimu alipiga magoti, akaweka rula kwenye jiwe la kona, akagusa udongo mtupu pembeni. "Sheria inasema njia hupimwa sentimita thelathini nje ya jiwe. Hapa. Hapa ndipo mguu unapopita, maana hakuna anayekimbia juu ya jiwe. Kwenye sehemu zilizonyooka haina tofauti, lakini kwenye kona duara la nje ni kubwa kuliko la ndani. Mia nne ilitakiwa ipite hapa. Wewe umeipitisha kwenye jiwe."

Mzee alitazama jiwe, akatazama udongo. Kitabu cha sheria hakuwahi kupewa. Alipewa tepu mbovu na neno "harakisha."

"Kwa hiyo ni fupi," alisema.

"Baba, hunisikii. Ni ndefu. Kila raundi ina karibu mita mbili za ziada. Aliyekimbia raundi mbili alikimbia karibu mita nne zaidi ya mia nane, na saa zikaendelea kuhesabu."

Mzee Chokaa alikaa chini. Hakuchagua pa kukaa, alikaa tu, katikati ya udongo uliochimbuliwa, na akalia mbele ya wanafunzi ishirini bila kujificha. Mmoja wao, msichana mwenye saa kubwa ya mkononi, alikuwa ameshapiga hesabu. "Kwa mbio zile," alisema kwa sauti ndogo, "mita nne ni zaidi ya nusu sekunde." Wote waligeuka wakaitazama njia ile ya udongo na magugu kana kwamba kuna mtu anapita.

Jioni alikwenda kumweleza Sindano na maneno yakamgomea. Alisema jiwe, akasema hewani, akasema kona. "Ukitoka nje kidogo, mzunguko unakuwa..." Akachora duara hewani kwa kidole.

Sindano aliangalia sketi mezani, ileile, lesi yake imezunguka pindo.

"Kama pindo," alisema.

"Pindo?"

"Ukishusha pindo la duara kidole kimoja tu, lesi uliyokata haitoshi tena. Kila fundi kashaaibishwa na hilo." Alishika lesi, akaipitisha kati ya vidole, polepole, kipande kizima. "Kwa hiyo mimi walinipimia lesi ya ndani, nikashona ya nje."

"Ndiyo."

"Na ikatosha."

"Ikatosha na kubaki."

Sindano aliendelea kuipitisha lesi ile vidoleni, na kakaye akaondoka bila kuaga.

Alhamisi asubuhi tingatinga lilikuwa getini linanguruma. Mkuu wa Chuo alikuwapo, ameshika karatasi ndani ya jalada. Ilikuwa taarifa ya vipimo, yenye muhuri mpya kabisa, na juu yake namba: moja. Chuo kilikuwa bado hakijatoa cheti hata kimoja, na karatasi hii ndiyo ya kwanza kutoka. Mzee Chokaa aliitazama ile namba. Nyumba yote ile ya vioo, na neno lake la kwanza lilikuwa la mdogo wake.

Kisha watu wakapisha njia, na Sindano akaingia.

Alikuja na gauni la kazini, nyuzi zimemganda begani, futi shingoni. Hakumsalimu mtu. Alikwenda mpaka kwenye mstari wa kuanzia, akachutama kando ya jiwe, akavua futi, akapima mwenyewe kutoka kwenye jiwe kwenda nje: kumi, ishirini, thelathini. Akaweka kidole kwenye udongo na hakukiondoa.

"Kaka. Chora hapa."

"Wanataka kuanza kazi, mdogo wangu."

"Chora."

Dereva wa tingatinga alizima mashine. Hakuna aliyemwamuru. Mzee alijaza toroli, akalishika mipini, akaanza kusukuma, na mstari ukatoka mweupe kwenye udongo laini, mstari ambao hakuwahi kuuchora maishani mwake, sentimita thelathini nje ya jiwe. Sindano alitembea nyuma yake. Waliimaliza kona ya kwanza, wakapita upande wa ukuta, wakaingia kona ya pili. Wanafunzi walisimama kando ya njia, waganga, waamuzi, makocha wa kesho, na Mkuu wa Chuo katikati yao na jalada lake kifuani.

Kona ya pili ilipoisha, mzee alisikia hatua nyuma yake zikibadilika. Aliligeuza toroli kando upesi, kwa mazoea ya zamani ya kumpisha mkimbiaji, na mdogo wake akampita pekupeku, viatu mkononi, gauni limekusanywa kwa mkono mwingine. Mbele yake hapakuwa na mstari. Palikuwa na mawe na udongo, na hatua mia moja za kufika mwisho. Alikuwa na miaka hamsini na mitatu, na hakuwa na haraka ya mtu anayefukuzia muda. Alikimbia tu, amenyooka, mbali na jiwe kwa kiasi kilekile, bila kuangalia chini.

Hakuna aliyepiga makofi mpaka alipofika. Walipopiga, hakugeuka. Alisimama na mikono magotini, akihema, na Mzee Chokaa aliiona ile pumzi, inapanda na kushuka.

Kisha akakamata mipini ya toroli na kurudi pale alipoachia. Palikuwa na nyayo wazi kwenye udongo laini, vidole vyote vitano, moja baada ya nyingine. Alimwaga chokaa juu yake, unyayo kwa unyayo, mpaka kwenye mstari wa mwisho, na hakuhitaji kupima.